Kuandika Hadithi Fupi ya Baada ya Vita: Mwongozo Kamili, Hatua kwa Hatua

Hadithi za vita ninazoletewa nizisome kabla hazijachapishwa huangukia karibu zote mahali pamoja. Kurasa sita za mwanzo ni risasi, moshi na damu. Ukurasa wa saba vita vimekwisha, askari amerudi, mama amelia, wamekumbatiana, mwisho. Mwandishi ameweka nukta pale ambapo hadithi ndiyo kwanza ilikuwa inaanza.

Tatizo si kipaji. Wengi wao wanaandika vizuri. Tatizo ni kuamini kwamba mapigano ndiyo habari yenyewe, na yanayofuata ni nyongeza tu. Kwa aliyepitia vita, mapigano yalichukua dakika, siku, pengine miezi. Yanayofuata yanachukua umri wake wote uliobaki. Mwongozo huu ni wa kuandika hiyo miaka iliyobaki, kwa hadithi fupi ya maneno kati ya 2,500 na 4,000. Urefu huo ni mzuri kwa sababu unakulazimisha kuchagua.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Daftari au faili la hadithi hii peke yake.
- Orodha ya tarehe za vita utakavyoviandikia. Kama vita ni vya kubuni, zibuni tarehe zote sasa hivi, kabla ya sentensi ya kwanza.
- Ramani, hata ya kuchora kwa mkono: nyumba, barabara, mto, kituo cha ukaguzi, mahali watu walipokimbilia.
- Ushuhuda wa watu watatu hivi waliopitia vita, wa maandishi au wa sauti. Angalau mmoja asiwe askari.
- Karatasi moja ya kiofisi: fomu ya kutafuta aliyepotea, cheti cha kuachishwa jeshi, kitambulisho cha mkimbizi, kadi ya mgao. Hiki ndicho kitu ninachokithamini kuliko vyote kwenye orodha hii, na ndicho wengi hawajishughulishi kukitafuta. Fomu inakuonyesha vita vilivyomuuliza mtu maswali gani, na vilimwachia nafasi kiasi gani ya kujibu.
- Msomaji mmoja anayevijua vita hivyo, au vinavyofanana navyo, kuliko wewe.

## Hatua ya 1: Andika tarehe tatu

Juu ya ukurasa wa kwanza wa daftari andika tarehe vita vilipomfikia mhusika wako, tarehe serikali au majeshi yalipotangaza kwamba vimekwisha, na tarehe vilipokwisha kwake yeye. Tarehe ya pili na ya tatu zikiwa moja, bado huna hadithi.

Usidhani ninakutaka ulazimishe. Vita halisi ndivyo vilivyo. Vita vya Kwanza vya Dunia vilisimamishwa Ulaya tarehe 11 Novemba 1918, lakini kikosi cha Wajerumani cha Afrika Mashariki chini ya Paul von Lettow-Vorbeck kiliweka silaha chini tarehe 25 Novemba, huko Abercorn, ambako leo ni Mbala, Zambia. Kati ya tarehe hizo mbili kuna majuma mawili. Mpagazi aliyebeba mzigo wa jeshi ndani ya majuma hayo alikuwa kwenye vita au kwenye amani? Hilo peke yake linatosha hadithi nzima.

Luteni Hiroo Onoda wa jeshi la Japani alibaki msituni kwenye kisiwa cha Lubang, Ufilipino, hadi Machi 1974, karibu miaka 29 baada ya nchi yake kusalimu amri. Alitoka pale tu kamanda wake wa zamani alipokwenda kumsomea amri ya kuacha kazi. Msumbiji ilitia saini mkataba wa amani Oktoba 1992, lakini nchi ilitangazwa kuwa haina tena mabomu ya kutegwa ardhini Septemba 2015. Kwa mkulima ambaye shamba lake lilikuwa na mabomu, mwaka wa amani ni upi?

Angalizo: usiandike "miaka mingi baadaye". Andika mingapi. Ukiandika miaka minne, utajua mtoto aliyezaliwa usiku wa kukimbia sasa anaongea, na anauliza maswali.

Utajua umefaulu: ukiweza kusema, bila kutazama daftari, mhusika wako alikuwa na umri gani katika kila tarehe.

## Hatua ya 2: Chagua jambo moja ambalo amani haikulimaliza

Hapa ndipo pa kukaa muda mrefu kuliko hatua nyingine zote, kwa sababu chaguo baya hapa halitibiki mbele.

Waandishi wengi huchagua hisia: huzuni, hasira, majuto. Hisia haiwezi kubeba hadithi yenyewe tu. Inahitaji kitu cha kushikika. Tafuta jambo lenye kitu, mtu na mahali. Nyumba ambayo familia nyingine imeshahamia. Shamba lisilolimika. Mtoto aliyelelewa na watu wengine ambaye sasa anadaiwa na waliomzaa. Jirani aliyeonyesha kwa kidole ni nani achukuliwe. Mguu uliokatwa. Mtu aliyepotea.

Nichukue hilo la mwisho, kwa kuwa lina mambo mengi na wengi hulipita haraka. Mtu aliyepotea hajafa wala hayuko hai. Mkewe si mjane wala si mke. Pauline Boss, mtafiti wa familia wa Marekani, alianza katika miaka ya 1970 kuueleza msiba wa namna hii kama msiba usio na hakika, unaomnyima mtu hata nafasi ya kuomboleza. Mwandishi anapaswa kuiona hali hiyo ikitenda kazi. Katika nchi nyingi zilizorithi sheria za Uingereza, mtu ambaye hajasikika kwa miaka 7 hudhaniwa kuwa amekufa. Hadi hapo, mali yake, ndoa yake na saini yake vimesimama. Ikifika miaka saba, kuna mtu lazima anyanyuke, aende ofisini, aseme: naomba mtambue kwamba amekufa. Mtu huyo ni nani katika familia? Anayepinga ni nani? Kila mmoja anapata nini?

Kuna pia ujumbe wa Msalaba Mwekundu, ile karatasi ambayo watu waliotenganishwa na vita huandikiana. Haifungwi. Inabeba habari za kifamilia tu, na husomwa njiani. Ikiwa na siasa au mambo ya kijeshi, haifiki. Fikiria mwanamume aliye kizuizini ana karatasi hiyo moja na anataka kumwambia mkewe asirudi nyumbani kwa sababu kijiji kimetekwa. Hawezi kuandika hivyo. Ataandika nini kuhusu watoto, kuhusu afya, kuhusu mbuzi, ili mke aelewe? Masharti ya fomu yamekupa hadithi ambayo kichwa chako peke yake kisingeifikia.

Angalizo: chagua jambo moja. Ukiweka aliyepotea, na bomu shambani, na mtoto aliyebadilishwa dini, na askari anayelewa, msomaji hatamwamini hata mmoja.

Utajua umefaulu: ukiweza kuandika sentensi moja yenye kitu na mtu. "Mke anatakiwa kusaini kwamba mumewe amekufa." Sentensi ikisema "hadithi kuhusu machungu ya vita," rudi mwanzo wa hatua.

## Hatua ya 3: Mpe mhusika shughuli yenye muda wa mwisho

Mhusika anayekaa barazani akikumbuka hamwachi msomaji na cha kufuatilia. Mpe jambo la kufanya leo, na saa ya kulimaliza. Katika mfano wetu, ofisi inafungwa saa tisa na nusu alasiri, na shemeji amepata gari la kumrudisha mjini jioni hiyo hiyo. Basi. Sasa kila dakika anayochelewa kushika kalamu ina uzito.

Panga matukio matatu au manne tu, yote ndani ya siku moja ikiwezekana. Miaka yote saba itapita humo ndani bila wewe kuisimulia mwaka baada ya mwaka.

Utajua umefaulu: msomaji akiuliza "je, atasaini?" kabla ya ukurasa wa pili kwisha.

## Hatua ya 4: Andika rasimu, na uvipime vita

Sheria ninayowapa waandishi ni hii: mapigano yenyewe yasizidi sehemu moja ya tano ya hadithi. Katika maneno 3,000 una maneno 600 ya vita, na usiyatumie yote mahali pamoja.

Tazama kwanza namna inayorudi kila mara:

*Mama alikaa akikumbuka vita. Mabomu yalilia kila upande. Watu walikufa wengi sana. Mumewe mpendwa alichukuliwa na hakurudi tena. Machozi yalimtiririka mashavuni. Vita ni vibaya sana, aliwaza.*

Hakuna kilichokosewa kisarufi. Lakini aya hii inaweza kuhamishiwa kwenye vita vyovyote, kwa mwanamke yeyote, na isibadilike neno. Sasa jambo lile lile likipitia kwenye karatasi:

*Shemeji aliweka fomu mezani, akaigeuza imwelekee.*

*"Ni hapa tu, shemeji. Jina lake na tarehe."*

*"Tarehe gani?"*

*"Ya kufariki."*

*Alishika kalamu. Mwaka aliujua. Mwezi aliweza kuukisia, kwa sababu mvua zilikuwa zimeanza. Kisanduku cha siku kilikuwa na nafasi ya tarakimu mbili.*

*"Wengine wanaandika ngapi?"*

*"Karani anasema watu huweka mosi."*

Hakuna bomu hapo, wala chozi. Vita vimebanwa ndani ya kisanduku cha tarakimu mbili. Msomaji anajua kwamba mwanamke huyu hana siku ya kifo cha mumewe, kwamba wako wengi kama yeye hadi karani ameshazoea, na kwamba shemeji alikuja akiwa ameshauliza. Hili la mwisho ndilo linalouma zaidi, na hakuna aliyelisema.

Ukihitaji kurudi nyuma kwenye vita, fuata utaratibu huu. Anza na kitu kinachogusa mwili sasa hivi: harufu ya dizeli, bati lililogongwa, sauti ya mtu kupanda ngazi kwa kasi. Ingia kwenye kumbukumbu kwa tukio moja, si kwa muhtasari. Toka kwa tendo: mtu amemwita, kalamu imeanguka. Kumbukumbu za namna hiyo huja bila kuitwa na hukatika bila taarifa, kwa hiyo usizipe utangulizi wa "alikumbuka siku ile ambapo".

Angalizo: sentensi yoyote inayosema vita ni vibaya, ifute. Kama hadithi haijamwonyesha msomaji, sentensi hiyo haitamsaidia.

Utajua umefaulu: ukifunika kwa mkono kila mstari wenye risasi, na hadithi ikaendelea kueleweka.

## Hatua ya 5: Hakiki vifaa, sauti na miaka

Msomaji aliyewahi kuwa karibu na mapigano huacha kukuamini kwa kosa dogo. Pitia haya.

Magazini ya kawaida ya AK-47 hubeba risasi 30, na bunduki hiyo hufyatua kwa kasi ya takriban risasi 600 kwa dakika. Ukishikilia kifyatulio, magazini inakwisha kwa sekunde kama 3. Mhusika wako hawezi kumwaga risasi aya nzima bila kubadilisha. Tena bunduki hiyo iliingia jeshini Urusi ya Kisovyeti mwaka 1949. Isionekane kwenye hadithi ya 1943.

Risasi ya bunduki ya kivita huenda kwa kasi kuliko sauti. Aliyepigwa kutoka mbali hakusikia mlio wa risasi iliyompata. Kombora nalo likilipuka umbali wa kilomita mbili, mwanga huonekana kwanza, na mshindo hufika baada ya kama sekunde 6. Watoto wa maeneo ya vita hujifunza kuhesabu sekunde hizo. Ni jambo ambalo mhusika wako anaweza kuendelea kulifanya miaka kumi baadaye, kila radi inapopiga, bila kujijua.

Lugha ya ugonjwa nayo ina tarehe zake. Msongo wa baada ya kiwewe uliingizwa kwa jina hilo kwenye mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani mwaka 1980. Daktari wa 1917 hakuwa nalo. Alizungumza juu ya mshtuko wa makombora, au alimwita mtu mwoga. Chagua neno la wakati wake.

Na usisahau maradhi. Katika mapigano ya Afrika Mashariki ya 1914 hadi 1918, wapagazi waliokufa kwa kuhara, malaria na njaa walizidi sana waliokufa kwa risasi. Hadithi ambamo kila mtu anakufa kwa risasi ni hadithi ya mtu aliyetazama filamu.

## Hatua ya 6: Andika jeraha linavyoishi, siku kwa siku

Jeraha kwenye rasimu nyingi hutajwa mara moja, kisha hupotea. "Alipoteza mguu vitani," halafu ukurasa unaofuata anapanda ngazi. Jeraha lina ratiba. Mtu aliyekatwa mguu anaweza kuhisi maumivu au mwasho kwenye unyayo ambao haupo. Mtoto aliyekatwa mguu huhitaji mguu wa bandia mpya mara kwa mara, kwa sababu anakua na ule wa zamani unambana. Aliyekaa karibu na milipuko anaweza kubaki na mlio masikioni usiokoma, akawa anaongea kwa sauti kubwa kuliko anavyodhani, na watu wakamwona mkali.

Haya ya masikio nimeyataja kwa makusudi. Waandishi hukimbilia jinamizi na kilio cha usiku kwa sababu ndiyo yanayojulikana. Baba anayepiga kelele mezani kwa kuwa hasikii, na watoto wanaodhani amekasirika kila siku, ni hadithi ambayo bado haijachoshwa.

Angalizo: usifanye kila aliyerudi vitani awe mlevi au mpiga mke. Wapo, lakini wengi zaidi huamka asubuhi na kwenda kazini. Kuwachora wote hivyo ni kuwadhulumu, na ni uvivu wa mwandishi.

Utajua umefaulu: jeraha likibadilisha angalau uamuzi mmoja wa mhusika: apite njia gani, akae kiti gani, akubali kazi ipi.

## Hatua ya 7: Mpe adui sentensi zake

Baada ya vita adui mara nyingi anaishi mtaa ule ule. Nchini Rwanda, hadi mahakama za gacaca, yaani mabaraza ya kijamii yaliyosikiliza kesi za mauaji ya kimbari ya 1994, zilipofungwa rasmi Juni 2012, watu walikaa mbele ya majirani zao wakisikiliza nani alifanya nini. Kisha kikao kilivunjwa, na wote wakarudi nyumbani kwa njia moja.

Kama hadithi yako ina adui, mwandikie mazungumzo ambamo anajieleza kwa maneno ambayo yeye mwenyewe angeyaamini. Usimtetee, usimkejeli. Kisha usimruhusu msimulizi amjibu. Mwache mhusika mwingine amjibu, au anyamaze kabisa.

## Hatua ya 8: Maliza kwa tendo

Mwisho unaoharibu hadithi nyingi ni msamaha wa ghafla. Watu wanasamehe, ndiyo, lakini mara chache hutokea kwa maneno, na mara chache zaidi siku hadithi yako inapokwisha.

Rudi kwenye sentensi ya hatua ya 2 na uulize: tendo gani linalifunga jambo hilo, au linakataa kulifunga? Mke wa mfano wetu ana njia kadhaa. Anaweza kusaini na kuweka mosi. Anaweza kujaza kila kitu na kuacha kisanduku cha siku wazi, fomu ikarudishwa. Anaweza kuweka tarehe ya siku aliyomwona mara ya mwisho, ambayo ni kweli kwake na uongo kwa serikali. Mimi ningechukua la tatu, kwa sababu linamfanya karani aulize, na jibu lake kwa karani ndilo mstari ambao msomaji amekuwa akiungoja tangu mwanzo.

Utajua umefaulu: aya ya mwisho ikiwa na kitenzi cha mkono, mguu au mdomo. Kitenzi kikiwa "aliwaza", "alihisi" au "alitambua", kata hadi ufikie tendo lililotangulia. Mara nyingi mwisho halisi uko sentensi mbili juu ya pale ulipoishia.

## Hatua ya 9: Pumzisha, punguza, somesha

Iache rasimu wiki moja. Ukiirudia, isome kwa sauti na ukate kila kivumishi kilichosimama karibu na kifo. Kifo hakihitaji "cha kutisha" wala "cha kinyama".

Kama umetumia ushuhuda wa mtu aliye hai, badilisha jina, mahali, umri na chochote kitakachowafanya jirani zake wamtambue, kisha muombe ruhusa kabla ya kuchapisha. Unapomhoji, usimbane juu ya mauaji au ubakaji. Muulize alivaa nini, alibeba nini, mlango aliuacha wazi au aliufunga. Akinyamaza, zima kinasa sauti na usirudie swali. Hadithi yako inaweza kuendelea bila jibu hilo. Yeye anaweza asilale usiku huo kwa sababu ya swali.

Mwisho, mpe rasimu yule msomaji anayevijua vita. Usimuulize kama ameipenda. Muulize haya: ni wapi hukuamini? Nani anaongea kama kitabu? Kuna kitu ambacho kila mtu wa pale angekijua na mimi sikukiweka? Andika majibu bila kujitetea. Swali la tatu ndilo litakalokupa kazi nyingi zaidi, kwa sababu anaweza kukuambia kwamba fomu ile ilijazwa nakala tatu, au kwamba haikujazwa na mke bali na mjumbe wa mtaa aliyekwenda nyumba kwa nyumba. Ikitokea hivyo, usibandike maelezo hayo pembeni. Rudi hatua ya 3, mweke mjumbe huyo mlangoni, na uandike tukio upya yeye akiwa ndani ya chumba.